Lahani Iliyokwenda kwa Miguu



Wasikilizaji wetu wa Paya, Nagongera, Tororo, Malaba, Busia ya Uganda na Busia ya Kenya, jioni hii nitawaeleza habari za utunzi mmoja wa kinanda cha kanisa, uliotungwa Ujerumani yapata miaka 300 iliyopita, na sababu ya kuuchagua huo badala ya nyimbo zilizo karibu nasi nitaidhihirisha taratibu. Kwa sasa yatosha kusema kwamba nimechoshwa na dhana, iliyoenea hata miongoni mwa wasomi wetu, kwamba muziki wa namna hiyo ni wa watu waliousomea tu, na kwamba sikio lililolelewa na tongoli, zeze letu la nyuzi, halina haki wala uwezo wa kuuhukumu.

Mwaka 1705, majani ya miti yalipokuwa yakipukutika huko Ulaya, kijana mmoja wa miaka 20, jina lake Johann Sebastian Bach, mpiga kinanda wa kanisa katika mji mdogo wa Arnstadt, aliwaendea wakubwa wake akaomba ruhusa ya wiki nne, akamwachia binamu yake kazi ya kupiga kinanda, kisha akashika njia ya kaskazini kwa miguu mpaka Lübeck, mji wa biashara ulio karibu na Bahari ya Baltiki, mwendo uzidio kilomita 400, yaani karibu sawa na mtu wa Busia aliyekusudia kufika Nairobi pasipo kupanda chombo chochote. Hakwenda kutafuta mali, wala hakuwa na jamaa wa kumzuru. Alikwenda kumsikiliza mzee mmoja, Dieterich Buxtehude, mpiga kinanda wa kanisa la Mtakatifu Maria, ambaye sifa ya mikono yake, na labda zaidi ya miguu yake, ilikuwa imeenea katika miji yote ya upande ule.

Wiki nne zikawa karibu miezi minne. Aliporudi mwanzoni mwa mwaka 1706 baraza la kanisa lilimwita ajieleze, naye akajibu kwa ufupi kwamba alikwenda kujipatia mambo mawili matatu ya sanaa yake. Lakini wazee wale hawakuishia hapo, kwani walikuwa na shitaka la pili, kwamba kijana huyu alizoea kuingiza ndani ya nyimbo za ibada mapambo ya ajabu na sauti ngeni, hata waumini wakachanganyikiwa wasijue wameufikia mstari gani. Mwalimu yeyote wa kwaya aliyewahi kuitwa mbele ya halmashauri ya parokia atamhurumia; ingawa, kwa insafu, wazee nao walikuwa na hoja, kwa kuwa mtu aliyeamka mapema kwenda kumwabudu Mungu hana budi kuutambua wimbo anaoimba.

Utunzi ninaoukusudia ni Pasakalia katika ngazi ya C maina, uliopewa namba 582 katika orodha ya kazi za Bach, nao ni kazi ya ujana wake, uliotungwa katika miaka iliyofuata safari ile ya Lübeck. Karatasi aliyoiandika kwa mkono wake mwenyewe imepotea, na kama si watu wengine kuunakili tusingekuwa na cha kuzungumza jioni hii. Nakala iliyo karibu naye kuliko zote imo katika daftari kubwa lililoandikwa na kaka yake, Johann Christoph, mpiga kinanda wa mji wa Ohrdruf, na hapo pana kisa ambacho siwezi kukipita. Baada ya kufiwa na wazazi wake wote wawili kabla ya kutimiza miaka kumi, Sebastian alilelewa na kaka huyo, na katika nyumba ile kulikuwa na kitabu cha nyimbo za mabingwa ambacho kaka mtu alikifungia kabatini, asitake mdogo wake akiguse. Yasimuliwa, katika tanzia iliyochapishwa mwaka 1754, kwamba mtoto alipenyeza mikono yake myembamba kati ya nondo za kabati, akakikunja kitabu kile na kukitoa, akakinakili usiku usiku kwa mbalamwezi muda wa miezi sita, maana hata mshumaa hakuruhusiwa. Na kaka alipogundua alimpokonya nakala bila huruma. Basi miaka ilipita, mdogo akawa fundi, na mkono uleule uliompokonya ndio ulioketi ukanakili Pasakalia yake kwa uangalifu mkubwa, kando ya kazi za Buxtehude. Hakuna barua yoyote ya kuombana radhi baina ya ndugu hao iliyotufikia, lakini mimi naona daftari lile ni radhi ya kutosha.

Sasa, pasakalia ni nini? Ni utunzi uliojengwa juu ya lahani moja fupi ya besi, irudiayo tena na tena chini pasipo kuchoka, huku juu yake mtunzi akibadilisha kila kitu kingine. Wengi, wakisikia kwamba inapigwa kanisani, hudhani kwamba asili yake ni kanisani, sivyo. Ilianza na wapiga gitaa wa Hispania, karne ya 16 ikielekea ya 17, ambao baina ya ubeti na ubeti, mwimbaji akipumua, walikuwa wakizungusha sauti chache za kujaza nafasi, na wasikilizaji wakazipenda sauti za kujazia kuliko wimbo wenyewe. Kutoka huko ilivuka mpaka Italia, ambako Girolamo Frescobaldi, mpiga kinanda wa kanisa la Mtakatifu Petro mjini Roma, alichapisha mwaka 1637 mizunguko mia moja ya namna hiyo. Ikafika Ufaransa, ambako mwaka 1688 André Raison, mpiga kinanda wa abasia ya Mtakatifu Genoveva mjini Paris, aliitia ndani ya misa, katika sehemu ya kumwomba Kristo rehema. Na nusu ya kwanza ya lahani ya Bach ni ile ya Raison, vipimo vinne, kama ilivyo. Hakuiba, wala hakuona haya. Katika zama zile kuchukua lahani ya mwenzio na kuiendeleza ilikuwa ni taadhima, kama ilivyo mpaka leo miongoni mwa watunzi wetu wa mashairi, ambao humjibu mtu kwa vina vyake mwenyewe.

Nimelitaja gitaa makusudi. Katika miaka ya 1950, upande wa magharibi wa Kenya, George Mukabi wa Kisa na wenzake walikuwa wakipiga gitaa kwa mtindo wa omutibo, kidole gumba kikishika besi ileile mzunguko baada ya mzunguko, kidole cha shahada kikicheza juu kwa uhuru, na mwenzao akigonga chupa ya soda kulinda mwendo. Mukabi alifariki mwaka 1963, na sina dalili yoyote kwamba alipata kumsikia Raison wala Frescobaldi. Lakini wale wapiga gitaa wa kale wa Hispania wangeketi naye chini ya mti wakaelewana kabla hawajajua majina yao. Kinanda cha Bach kimegawa kazi vivyo hivyo, isipokuwa kwamba kazi ya kidole gumba imepewa miguu miwili.

Hapo inafaa kueleza chombo chenyewe, kwa kuwa vinanda vya mabomba Afrika Mashariki si vingi: kipo Namirembe, Kampala, kipo katika kanisa kuu la Watakatifu Wote, Nairobi, kipo Mkunazini, Unguja, na mtu anaweza kuishi umri wake wote hapa kwetu Padhola asikione hata kimoja. Ni mamia ya mabomba, mengine ya bati iliyochanganywa na risasi, mengine ya mbao, yaliyosimamishwa juu ya masanduku ya upepo; na katika zama za Bach upepo huo haukutoka kwa umeme bali kwa mivukuto mikubwa iliyokanyagwa na watu waliofichwa nyuma ya chombo, ambao kazi yao haikutofautiana na kazi ya yule kijana aliyevukuta moto wa wahunzi wa Samia, katika vilima vile ambavyo majembe yake ya chuma yalitafutwa na majirani wa kila upande: mhunzi ndiye aliyesifiwa, lakini kijana akichoka chuma hakiivi. Mbele ya mpigaji zipo safu mbili au tatu za vibao vya mikono, na chini ipo safu ya vibao vya mbao vya miguu, viitwavyo pedali, ambavyo hupeleka upepo katika mabomba marefu kuliko yote. Bomba la sauti ya chini kabisa katika utunzi huu lina urefu wa karibu mita tano, na hutikisa hewa kama mara 33 tu kwa sekunde, kiasi ambacho ndani ya kanisa mtu huisikia sauti ile kwa nyayo na kifua kabla haijathibitika masikioni.

Lahani hiyo ya besi ina noti 15, katika vipimo 8 vya mapigo matatu matatu, na mwanzoni hutokea peke yake, kwa miguu, pasipo mkono hata mmoja kuigusa, fupi kisha ndefu, fupi kisha ndefu, ikipanda kidogo, ikishuka, mpaka ikatua kwenye ile sauti ya chini niliyoitaja. Kisha mikono huingia, na lahani inazungushwa mara 20, kila mzunguko vipimo 8 na vazi lake. Hapo awali mikono huugua tu, ikichelewa kidogo nyuma ya pigo. Halafu huanza kukimbia, kwa ngazi, kwa kurukaruka, mkono mmoja ukiuiga mwingine. Na mizunguko hii imefungamana kwa ustadi hata mshono hauonekani, kwani mtunzi humaliza kila mzunguko akiwa tayari ameshakuvutia kwenye ufuatao.

Lakini ikifika mzunguko wa 11 linatokea jambo. Lahani inaiacha miguu, inapanda juu kabisa kwenye mkono wa kulia, na chini panabaki patupu. Katika mzunguko wa 13 imeshuka kati ya sauti nyingine, imejipamba hata ni shida kuitambua. Na katika wa 14 na wa 15 sauti zinapungua, zinapungua, mpaka linabaki bubujiko moja jembamba la noti zinazofuatana moja moja, kutoka chini kwenda juu, kana kwamba hakuna tena lahani wala besi wala chochote. Ilhali lahani imo, imetawanywa ndani ya noti zile, noti moja hapa na moja pale, na hakuna kidole hata kimoja kinachoipiga kwa mfululizo. Sikio ndilo linaloiokota. Wataalamu wa Ulaya wameandika kurasa nyingi juu ya mizunguko hii miwili, na walimu huwafundisha wanafunzi wao namna ya kuisikiliza, kana kwamba ni kitendawili.

Hapa ndipo ilipo sababu yangu ya kuwaita redioni. Karibu na mwaka 1960 kijana wa Austria, Gerhard Kubik, alikuja Uganda akakaa chini ya mwalimu Evaristo Muyinda kujifunza amadinda, ile marimba ya Buganda yenye vibao 12, ambayo wapigaji wawili hukaa wakitazamana, kila mmoja akipiga mfululizo wake ulio sawasawa, pigo la mmoja likiingia katika nafasi ya mwenzake. Na alipoisikiliza Kubik alisikia midundo na nyimbo ambazo, alipoitazama mikono yao, hakuna aliyekuwa akizipiga. Zilikuwa zikizaliwa katika sikio la msikilizaji, kutokana na noti za juu kukusanyika na za juu, na za chini na za chini. Akaandika juu ya jambo hilo, na wanazuoni wa Ulaya wakalipokea kama uvumbuzi. Lakini mtoto wa Busoga aliyekua kando ya embaire, akiona wazee wamekaa pande mbili za vibao vilivyolazwa juu ya migomba, hakuhitaji makala. Kuokota wimbo ndani ya noti zilizotawanywa ni jambo alilolijua kabla ya kuota meno yote. Vivyo hivyo Mteso na akogo yake, vivyo hivyo Mbukusu na litungu, na vivyo hivyo mtu wa Paya na tongoli, zeze lile la nyuzi ambalo mpigaji wake hulizungushia kijifungu kifupi kimoja huku maneno yakipita juu yake, habari za mtu huyu, habari za ukoo ule, na kijifungu hakiondoki. Msikilizaji wa namna hiyo akifika mzunguko wa 15 wa Pasakalia yumo nyumbani mwake. Anayehitaji mwalimu ni yule aliyezoea kwamba wimbo upo juu, besi ipo chini, na kila kitu kimekaa mahali pake.

Sisemi kwamba Bach alijifunza kwetu, wala sipendi masimulizi ya namna hiyo, yanayotafuta heshima ya Mwafrika katika mfuko wa Mzungu. Wala sisemi kwamba muziki huu na ule ni kitu kimoja. Tofauti ipo, nayo ni kubwa. Mpigaji wa tongoli au wa embaire hana shauku ya kuumaliza mzunguko. Huukomesha watu wakichoka kucheza, au kinywaji kikiisha, na kesho huuanza palepale bila kuona kwamba kuna kilichokatika. Bach hakuweza kustahimili hivyo. Baada ya mzunguko wa 20, pasipo hata kuvuta pumzi, anaikata lahani yake katikati, anatupa nusu ya pili, na ile nusu ya kwanza, ile ya Raison, anaifanya kiini cha utunzi mwingine ambao wataalamu huuita fyugi, yaani sauti moja hutangulia na lahani, nyingine huifuata nayo, kisha nyingine, zikifukuzana. Na hapa ameongeza ugumu kwa kuwa lahani kila itokeapo huandamana na wenziwe wawili walewale, watatu hao wakibadilishana nafasi, wa juu akawa wa chini, wa chini akawa wa kati, na mapatano yao hayaharibiki. Mwendo unazidi kujaa mpaka, karibu na mwisho, ghafla kinanda kizima kinasimama juu ya sauti moja ya kushangaza, isiyotarajiwa katika ngazi ile, pakawa kimya. Kisha vipimo vichache, na utunzi uliokuwa tangu mwanzo katika huzuni ya C maina unafungwa kwa C meja, mabomba yote yakiwa wazi. Mimi, nikiulizwa, nitasema kwamba fyugi hiyo ni kazi adhimu, lakini moyo wangu umebaki katika mizunguko 20. Katika fyugi mtunzi anatuonyesha nguvu zake, na katika mizunguko alikuwa akituachia nafasi.

Kuhusu makanisa yetu wenyewe nitasema kidogo tu. Wamisionari wa Mill Hill walifika Uganda mwaka 1895, na katika misheni nyingi za Afrika Mashariki kilichosikika kwa miongo mingi kilikuwa kile kinanda kidogo cha kupuliza kwa miguu, ambacho miguu yake haipigi noti yoyote, inatafuta pumzi tu. Kwa hiyo wazee wetu walifundishwa tenzi za Ulaya bila kupata kuisikia besi ya Ulaya, na ngoma, ambayo ingeweza kuwapa besi, ilibaki nje ya mlango. Tarehe 4 Desemba 1963 Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulipitisha hati yake juu ya liturujia, ambayo iliendelea kukipa kinanda cha mabomba heshima kubwa na papo hapo ikaruhusu vyombo vingine kuingia. Na mwaka uliofuata, wakati wa kutangazwa watakatifu Mashahidi wa Uganda, oratorio (utunzi mrefu wa dini wa kuimbwa) ya Joseph Kyagambiddwa, iliyotungwa kwa mwenendo wa muziki wa Kiganda, iliimbwa Roma kwenyewe. Tangu hapo adungu za Waaluri, ndogo kwa kubwa, zimeingia madhabahuni karibu kila mahali. Adungu ile kubwa, ambayo mpigaji wake hulazimika kusimama, inafanya kazi ya pedali, na ningependa sana siku moja mwalimu wa kwaya mwenye vijana watano na subira awape noti zile 15, ambazo hazizidi uwezo wa mtoto wa shule, aone watajenga nini juu yake.

Pasakalia pamoja na fyugi yake huchukua kama dakika 13. Nina tahadhari moja: wenye redio ndogo za betri hawataisikia ile sauti ya chini kabisa, kwa sababu spika ya upana wa kiganja haiwezi kuitikisa hewa polepole kiasi kile, watasikia kivuli chake tu, na akili itajaza iliyobaki. Mwenye spika kubwa ya harusini na asiyeogopa majirani, hii ndiyo nafasi yake. Mwanzoni hesabuni vipimo 8 vya miguu mpaka mzishike noti zile 15 kichwani. Lahani ikiondoka chini msiitafute kwa papara, itarudi kwenye pedali katika mzunguko wa 16, nanyi mtaijua. Fundi wa mitambo ameshaniashiria kwamba yuko tayari, basi namwachia.